Ngoma ya Chuka na Jina la Mwongozaji

Wapo wahakiki wanaomtukuza mwongozaji Mwingereza wa filamu za muziki kuwa ndiye mwokozi wa fasihi simulizi ya Afrika: pasipo kamera yake, wanadai, nyimbo zingezikwa pamoja na wazee. Dai hili halina budi kupingwa, kwani linachanganya uhifadhi na umiliki.

Herbert Chappell aliiongozea BBC filamu ya "African Sanctus" mwaka 1975. Kazi yenyewe ilitungwa na David Fanshawe, aliyerekodi sauti nchini Misri, Sudan, Uganda na Kenya, kisha akaziambatanisha na kwaya iimbayo Misa ya Kilatini. Utamu wa sauti hizo haubishaniwi. Hata hivyo, shujaa ni msafiri. Fanani wa Kiafrika hubaki kuwa mandhari ya safari yake. Jeremy Marre naye, katika "Rhythm of Resistance" (1979), aliwapa wanamuziki wa Afrika Kusini nafasi ya kujieleza chini ya ubaguzi wa rangi. Tofauti hiyo yadhihirisha kuwa kosa si la kamera, bali la yule anayeamua nani aseme.

Lakini idara za fasihi za Kenya nazo hazina haki ya kujitakasa. Waraka wa Nairobi wa mwaka 1968, wa Ngũgĩ, Taban lo Liyong na Owuor Anyumba, uliidai fasihi simulizi nafasi yake katika mtaala. Kitabu cha Ciarunji Chesaina kuhusu fasihi simulizi ya Waembu na Wambeere (1997) kiliziba pengo kubwa. Ukurasa, hata hivyo, hauna mdundo. Mpiga ngoma wa Chuka, baina ya Embu na Meru, huibana ngoma ndefu mapajani akaipiga huku akicheza: mwili, mdundo na neno ni utungo mmoja. Mwanafunzi anayenakili maneno pekee, akaandika "mzee mmoja wa Meru", ilhali jina lake mwenyewe lapamba jalada la tasnifu, ametenda lilelile analomlaumia Mwingereza.

Sheria ya Kenya ya mwaka 2016 kuhusu maarifa ya jadi inaitambua jamii kuwa mmiliki na kudai idhini yake. Uhakiki usiachwe nyuma na sheria. Tasnifu itokayo Embu au Meru na imtaje fanani, kwa ridhaa yake, kuwa mtunzi, na nakala ya kanda irudi kijijini. Mcheza kwao hutunzwa. Ni aibu akitunzwa kila mtu isipokuwa mcheza.