Kitabu cha 109

Wikiendi nilikuwa Tengeru kwa mjomba. Land Rover 109 yake, Series III, ilikuwa imegoma kuingia gia ya pili. Zile ziliacha kuundwa 1985, kwa hiyo kitabu chake cha ufundi tulikisaka Arusha mjini siku nzima, tukaambulia fotokopi iliyofifia. Kiingereza kitupu! Fundi akanikabidhi: "Haya ticha, tusomee." Nikasoma fasta, ila sikuelewa kitu. Mzee akatazama mchoro tu, akafungua gia boksi. Jioni gari likatembea.

Mi naona hivi: ujuzi wa 109 upo kwa Kiswahili, vichwani mwa mafundi wazee, ila haujaandikwa. Sisi tunaosomea ualimu tukakae gereji na daftari, tuandike kabla hawajatuacha. Mnasemaje?