Mondo si mtoto wa chui

Katika mazoezi ya tafsiri, neno la Kifaransa serval likitokea, wengi wetu huandika "chui mdogo". Wengine huandika "paka wa porini", na wachache huliacha lilivyo na kulipigia mstari. Kiswahili kina neno lake, fupi na safi: mondo. Maoni yangu ni kwamba kulikosa neno hilo si jambo dogo, na kwamba wa kwanza kuulizwa ni sisi tunaosomea lugha.

Tuanze na mnyama mwenyewe. Mondo ni paka wa mwituni mwenye kichwa kidogo, shingo ndefu, masikio makubwa yaliyosimama na mkia mfupi. Ukipima miguu kwa kiwiliwili, hakuna paka mwingine mwenye miguu mirefu kama yake. Manyoya yake ni ya manjano yenye madoa meusi, na madoa hayo ndiyo yanayotuponza. Mondo mkubwa kabisa hafiki kilo 20. Chui dume aweza kupita kilo 60. Chui huangusha swala na kumpandisha mtini. Chakula cha mondo hasa ni panya. Husimama katika majani marefu, hutega masikio mpaka asikie panya anapita chini ya nyasi, kisha huruka juu na kumshukia kwa miguu ya mbele. Hupenda savana na nyasi za kando ya maji, wala hakai ndani ya msitu mnene wa ikweta. Kwa hiyo hapa Kongo tumtafute katika savana kama zile za Upemba na Garamba.

Kwa nini basi jina lake limemezwa na la chui? Naona sababu ni heshima ya chui kwetu. Kwa Kilingala ni nkoi, kwa Kiluba cha Kasai ni nkashama, na hakuna asiyemjua. Ngozi yake ni vazi la machifu. Mobutu aliifanya kofia. Timu ya taifa ya kandanda inaitwa kwa jina lake. Na tangu 2006 kichwa chake kimo katika nembo ya taifa. Mkubwa wa namna hiyo huwameza majirani zake wote wenye madoa.

Tusidhani kwamba ni ugonjwa wetu peke yetu. Mwaka 1958 ilitoka riwaya ya Mwitalia Tomasi di Lampedusa, Il Gattopardo. Kwa Kiitalia, gattopardo ndiye mondo. Waingereza walimgeuza kuwa chui, Wafaransa wakamgeuza kuwa duma. Hata neno serval lenyewe limehama: linatoka katika Kireno, lobo-cerval, yaani mbwamwitu wa kulungu, jina aliloitwa paka mwingine kabisa wa Ulaya. Wataalamu wa wanyama nao waliwahi kumchukua mondo mwenye madoa madogo sana na kumfanya spishi ya pekee, mpaka baadaye wenzao wakaona kuwa ni mondo yule yule.

Lakini kosa la mfasiri wa riwaya halimwui mnyama. Kwetu laweza kumwua. Mwenye shamba akiambiwa kwamba aliyeonekana kando ya mihogo ni "mtoto wa chui", atamwogopa mama yake na kuita watu wenye mikuki. Akiambiwa ni mondo, mla panya, huenda akamwacha apite, hata kama siku moja kuku atapotea. Sokoni nako, ngozi za mondo huuzwa kama ngozi za chui wachanga au za duma. Mkataba wa CITES unawaweka chui na mondo katika orodha mbili tofauti, zenye masharti tofauti. Askari wa mbuga mwenye jina moja kwa wanyama wawili ataandika nini katika ripoti yake?

Najua jibu la baadhi ya wenzangu: mwanafunzi wa mjini hatamwona mondo maisha yake yote, na anayemhitaji atumie jina la Kilatini. La kwanza halina uzito, kwa sababu wengi wetu hatujamwona simba na hakuna anayemwita "paka mkubwa". La pili linasahau kwamba jina la Kilatini ni la maabara na makumbusho. Mchungaji, mwindaji na mwalimu wa shule ya msingi hawazungumzi Kilatini.

Kwa hiyo napendekeza mambo mawili. La kwanza ni la kamusi. Kumweleza mondo kwamba ni "mnyama kama chui" ni kumfuta mara ya pili. Maelezo yataje kile kinachomtenga na wengine: miguu, masikio, mkia mfupi, panya, nyasi. Tufanye vivyo hivyo kwa simbamangu, kanu na fungo, ambao nao tumewarundika katika gunia moja la "paka pori".

La pili ni la kazi zetu za mwisho wa masomo. Kila mwaka tunaandika juu ya ngeli na minyambuliko ya vitenzi katika lugha zetu, na ni vizuri. Lakini wazee wanaoweza kutazama nyayo na kutaja mnyama kwa jina lake wanazidi kupungua. Ngeli zitatungoja kidogo, wazee hawatatungoja. Mwanafunzi mmoja akikusanya majina ya paka wa mwituni katika lugha ya kwao, pamoja na maelezo ya wenyewe kuhusu sura, sauti na mawindo ya kila mmoja, atakuwa amewafanyia kazi mwanaisimu, mlinzi wa mbuga na mwalimu wa kijijini kwa safari moja.

Na mwalimu anayesahihisha tafsiri zetu naye asaidie. Akiona "chui mdogo", akate, aandike pembeni: mondo.