Mgeni wa Simu Naye Apewe Jembe

WAHENGA wametuachia kanuni mbili za kumpokea mgeni. Ya kwanza yasema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Ya pili yasema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Kanuni hizo hazipingani. Mgeni hupokewa kwa furaha kwa kuwa huleta kheri, lakini kheri yenyewe huonekana pale anapoingia shambani pamoja na wenyeji. Leo twataka kuzitumia kanuni hizo kuyapima makampuni ya simu yanayovuka mipaka kutafuta ubia na kuwekeza katika nchi changa. Mfano wetu ni Viettel ya Vietnam, ambayo hapa Tanzania yajulikana kwa jina la Halotel.

Hatukuichagua Viettel kwa ukubwa wake. Tumeichagua kwa sababu ni mali ya umma. Mwenye kampuni hiyo ni Dola ya Vietnam, kwa kupitia Wizara yake ya Ulinzi. Ilianzishwa mwaka 1989, miaka 14 tu baada ya vita vilivyoiacha nchi hiyo magofu. Huduma ya simu za mkononi iliianza Oktoba 2004. Kufikia mwaka 2009 ilikwisha kuvuka mpaka na kufungua huduma Kambodia na Laos. Ikafuata Haiti mwaka 2011, Msumbiji mwaka 2012, Timor ya Mashariki mwaka 2013, Kameruni na Peru mwaka 2014, Burundi na Tanzania mwaka 2015, na Myanmar mwaka 2018. Hiyo ni safari ya nchi kumi katika miaka kumi, nayo imefanywa na shirika la umma la nchi ambayo jana tu ilihesabiwa miongoni mwa maskini wa dunia.

Je, iliwezaje? Jibu la kwanza ni kwamba ilianzia vijijini. Kawaida ya makampuni mengi ni kujenga minara mijini kwenye watu wenye fedha, kisha kuwaambia wakulima wasubiri. Viettel iligeuza utaratibu huo. Ilitandaza mkongo na kusimika minara kwanza, biashara ikafuata, na kijiji kikahesabiwa kuwa ni soko na si mzigo. Jibu la pili ni kwamba ilikuwa na wahandisi wake. Ujenzi ambao wengine huwakabidhi makandarasi wa nje, wao waliufanya kwa mikono yao nyumbani kwanza, wakapata ujuzi, ndipo wakausafirisha.

Lakini ipo sehemu ya tatu, nayo ndiyo inayotuhusu zaidi: ubia. Viettel haikuingia kila nchi kwa mlango mmoja. Huko Haiti, baada ya tetemeko la Januari 2010, ilichukua asilimia 60 ya shirika la simu la taifa, na asilimia 40 ikabaki kwa Benki Kuu ya nchi hiyo. Huko Msumbiji ilishirikiana na wabia wa nchini, mmoja wao akiwa kampuni ya uwekezaji ya chama tawala cha Frelimo. Huko Kameruni wabia waligombana juu ya uongozi wa kampuni. Huko Myanmar ilishirikiana na kampuni ya jeshi. Jeshi hilo lilipotwaa madaraka Februari 2021, wananchi wengi walisusia huduma zake na baadhi ya minara ikaangushwa. Kwa hiyo mbia yule yule, mwenye mtaji na ujuzi ule ule, alizaa matunda tofauti kila alikokwenda. Tofauti hiyo haikutokana na mgeni peke yake. Ilitokana pia na mwenyeji aliyempokea, na masharti aliyoyaweka.

Sisi tusidhani kwamba jambo hili ni la wengine. Mwaka 2001 Serikali iliuza asilimia 35 ya hisa za TTCL kwa MSI ya Uholanzi na Detecon ya Ujerumani. MSI ikawa Celtel. Mwaka 2005 Celtel ikanunuliwa na kampuni ya Kuwait ambayo baadaye ilijiita Zain. Mwaka 2010 Bharti Airtel ya India ikazinunua mali za Zain katika Afrika. Tulilala na mbia mmoja, tukaamka na mwingine, na uamuzi ulifanyika mbali na Dar es Salaam. Ilipofika mwaka 2016 Serikali ililipa shilingi bilioni 14.9 ili kuzirudisha hisa hizo mikononi mwa umma. Mwaka 2019, baada ya mazungumzo, hisa za Serikali katika Airtel Tanzania zilipandishwa kutoka asilimia 40 hadi 49. Funzo ni wazi: mwenyeji anayedai haki yake husikilizwa, lakini ni nafuu kuidai kabla ya kutia sahihi kuliko baada ya miaka 15.

Nchi yetu na Vietnam zilianza uhusiano wa kibalozi mwaka 1965, wakati watu wa Vietnam walipokuwa vitani. Undugu huo twauenzi. Hata hivyo, undugu hauwezi kushika nafasi ya mkataba. Halotel ilipokuja iliahidi kufika katika vijiji ambavyo wengine walivikwepa, na kupeleka intaneti bila malipo katika mashule. Ahadi hiyo haipimwi katika sherehe za ufunguzi. Shahidi wake wa kwanza ni mwalimu wa shule ya kijijini. Yeye ndiye ajuaye kama mnara ulioko mlimani umeleta kitu darasani. Anao wajibu wa kusema, na ofisi za wilaya na wizara zina wajibu wa kumsikiliza na kuandika alichosema.

Watumishi wa Serikali nao wana jembe lao la kumkabidhi mgeni. Mkataba uonyeshe ni vijana wangapi wa Kitanzania watakaofundishwa uhandisi, siyo kuuza vocha tu. Uonyeshe mbia akiuza hisa zake atamwuliza nani. Sheria ya mwaka 2016 iliyoyataka makampuni ya simu kuuza asilimia 25 ya hisa kwa umma ilikuwa na shabaha njema. Vodacom Tanzania ilitangulia kuitekeleza mwaka 2017. Sheria isiyosimamiwa ni sawa na uzio usio na mlango.

Hatimaye twajiuliza swali moja zito. Ikiwa shirika la umma la Vietnam limeweza kuvuka bahari, TTCL itashindwaje kuvuka mpaka? Mkongo wa Taifa umekwisha kufika kwenye mipaka ya jirani zetu kadhaa, na baadhi yao hawana bahari. Tusitosheke kuwa wenyeji wa kudumu. Kupokea wageni vema ni jambo jema, lakini taifa linalojitegemea hujiandaa siku moja nalo kubisha hodi kwa jirani, jembe lake likiwa begani.