Mcheza kwao hutuzwa? Kisii, Nyamira na Pwani tuulizane

Mama Kayai hahitaji kutambulishwa kwa Mkenya yeyote aliyekua na runinga ya KBC. Kutoka Keroka, mji ulioko mpakani mwa Kisii na Nyamira, hadi Kilifi, watu walimjua Mary Khavere kama mke wa Mzee Ojwang katika Vitimbi. Wengi waliamini kuwa wawili hao ni mume na mke kikweli.

Lakini Ojwang, yaani Benson Wanjau, alipoanza kupoteza uwezo wa kuona, ilibidi wananchi wachangishane pesa za matibabu. Alifariki Julai 2015. Umaarufu wa miaka mingi haukuwa akiba ya uzeeni.

Tazama Brazil. Fernanda Montenegro alizaliwa mwaka 1929. Alianzia redioni, akapanda jukwaani, akaingia kwenye runinga na filamu. Katika Central do Brasil ya mwaka 1998 aliigiza mwalimu mstaafu anayewaandikia barua wasiojua kuandika, na mwaka 1999 akateuliwa kuwania Oscar. Mwaka 2022 alipokewa rasmi katika chuo cha heshima cha waandishi wa nchi yake. Mwaka 2024, akiwa na zaidi ya miaka 90, alionekana tena katika Ainda Estou Aqui, filamu iliyoongozwa kwa uigizaji na bintiye, Fernanda Torres. Filamu hiyo ilishinda Oscar mwaka 2025.

Tofauti si kipaji. Mama huyo alipata ngazi ya kupanda: kazi moja ilimfikisha kwenye nyingine, bila kulazimika kuacha sanaa ili ale.

Kwetu, kijana wa Nyamira aliyeng'aa katika tamasha za drama za shule hukuta ngazi imekatika siku anapomaliza kidato cha nne. Sharti apande basi la Nairobi. Wa Malindi naye hali ni hiyo hiyo.

Sheria tunazo. Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inatambua haki za waigizaji. Katiba ya 2010, katika Jedwali la Nne, imezipa kaunti jukumu la utamaduni, burudani na majumba ya sinema. Kwa hivyo swali hili halipaswi kuishia kwa mawaziri. Magavana wa Kisii, Nyamira na kaunti zetu za Pwani waulizwe: bajeti ya sanaa inajenga jukwaa gani, au inaishia kulipia burudani ya sikukuu za kitaifa?

Kisii na Nyamira ni majirani wa lugha moja. Zinaweza kuchangia ukumbi mmoja na kugharamia michezo ya Ekegusii na Kiswahili. Mombasa, Kwale na Kilifi nazo zinaweza kufanya vivyo hivyo.

Wahenga walisema mcheza kwao hutuzwa. Tuzo hiyo iwe malipo ya kazi angali na nguvu, si mchango wa hospitali.