"Maombi Yamepitwa na Wakati": Na Zile Siku Saba Nani Atazihukumu?

Makamanda, hakuna sentensi inayonikera mahakamani kama hii: "maombi yamepitwa na wakati."

Mchezo wenyewe uko hivi. Mtu anakamatwa, siku zinapita, hafikishwi popote. Mawakili wanafungua maombi kutaka aletwe mahakamani au aachiwe. Kabla hayajasikilizwa, jamaa anapandishwa haraka haraka mahakama ya chini, anasomewa shtaka lisilo na dhamana. Basi, maombi yamekufa. Eti mlichoomba si mmeshapata?

Mkumbukeni Erick Kabendera. Alichukuliwa nyumbani kwake Dar es Salaam Julai 29, 2019. Mawakili wake wakakimbilia Kisutu. Agosti 5 akasomewa mashtaka, likiwamo utakatishaji fedha, ambalo halina dhamana. Ombi la dhamana likabaki halina kazi. Alitoka Februari 2020, baada ya kukubaliana na DPP.

Najua hoja ya upande wa pili, maana ndiyo tunayofundishwa darasani: mahakama haitoi amri hewa. Mtu akishaletwa, huwezi kuamuru aletwe. Sawa. Lakini swali la pili bado liko hai: je, zile siku 7 zilikuwa halali? Ibara ya 15 ya Katiba inalinda uhuru wa mtu. Haisemi ukivunjwa kwa wiki moja halafu ukapewa karatasi ya mashtaka basi yameisha. Tukikubali hivyo, polisi wanajifunza jambo moja tu: shikilia kwanza, ukiona wakili kafungua maombi, ndipo mpeleke mtu kortini.

Na dhamana nayo? Mei 2020 Mahakama Kuu ilisema kifungu kinachonyima dhamana kwa makosa fulani kinakiuka Katiba. Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikatengua. Sisi wa Singida bei yake tunaijua. Tundu Lissu, mtoto wa Ikungi, alisomewa uhaini Kisutu Aprili 10, 2025, kwenye mahakama isiyo na mamlaka hata ya kumuuliza kama anakiri au anakana. Alikaa mahabusu miezi 4 kabla jalada halijapelekwa Mahakama Kuu.

Sasa tufanyeje? Kwanza, kamanda akikamatwa, andikeni saa, kituo na waliomchukua. Huo ni ushahidi. Pili, akishapandishwa kizimbani msikunje mafaili. Ibara ya 30(3) inamruhusu mwenyewe kwenda Mahakama Kuu kudai tamko kwamba alishikiliwa kinyume cha sheria, na fidia. Marekebisho ya 2020 yamewabana wanaofungua kesi kwa niaba ya umma, lakini aliyelala selo ana madhara yake mkononi.

Tatu, mageuzi tunayodai yabebe na hili: jaji alazimike kutoa uamuzi juu ya siku zilizoporwa, hata kama mtu ameshaletwa. Mwizi akirudisha ng'ombe baada ya kusikia yowe, bado aliiba.