Mwongozaji Naye Apewe Haki Yake

Hapa Shume, baridi ya jioni inapoingia na magari ya kabichi na viazi yamekwisha kuteremka, wananchi wengi hukusanyika mbele ya televisheni kutazama vichekesho. Waulize majina ya wachekeshaji: watakutajia Joti, Masanja na Mpoki bila kusita. Uliza ni nani aliyewaongoza, aghalabu watanyamaza.

Aliyewaongoza ni Sekioni David. Kundi lake lilipata sifa katika EATV kwa jina la Ze Comedy, kisha likahamia TBC1 na kujulikana kama Ze Orijino Komedi. Kazi ya mwongozaji si ndogo. Yeye ndiye anayeukata mzaha kabla haujachosha, na ndiye anayepima kiongozi aigwe kwa kadiri gani. (Sisi wa Chama tumeigwa mara nyingi na, tukisema kweli, tulicheka.)

Kuhama kule kuna funzo. Msanii huondoka na kipaji chake, lakini jina la kipindi halibebwi mfukoni. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 hulinda kazi iliyokwisha kutungwa. Jina hulindwa kwa kusajiliwa kuwa alama ya biashara. Tena usajili wa BRELA hauvuki bahari, kwani Zanzibar ina sheria zake na ofisi yake. Ndugu zetu wa Visiwani, waliotazama televisheni ya rangi tangu miaka ya 1970 ilhali sisi wa Bara tulingoja hadi mwaka 1994, hawana budi kulizingatia hilo. Kipindi kinachotengenezwa Dar es Salaam hutazamwa Unguja na Pemba pia, na cha Unguja huweza kutazamwa huku milimani.

Mwaka 2018, mwaka aliofariki King Majuto wa Tanga, Serikali iliunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Hatua ile ilikuwa njema. Tunawaomba maofisa wa pande zote mbili za Muungano wasiishie kwa nyuso zinazojulikana. Mkataba wa kila kipindi umtaje mwongozaji, useme jina la kipindi ni mali ya nani, na ueleze atalipwa nini kipindi kinaporudiwa. Usajili siku hizi hufanywa kwa mtandao, lakini kijana wa Shume mwenye kipaji bado anahitaji ofisa utamaduni wa wilaya amwonyeshe pa kuanzia, kabla hajatia saini.