Bembea Niliyoistaafisha



Nguzo mbili za mkaratusi zimesimama hadi leo pembezoni mwa kiwanja cha shule moja ya msingi hapa Makambako. Likizo iliyopita nilipita hapo na mjukuu wangu anayesoma mbali na hapa. Akazitazama, kisha akaniuliza: "Babu, mbona goli hili halina mwamba?" Nikamwambia kwamba lile halikuwa goli, ilikuwa bembea. Akacheka, akasema bembea lazima iwe na minyororo. Nilinyamaza, kwa kuwa minyororo ile niliiondoa mimi mwenyewe.

Nilikuwa mwalimu mkuu wa shule hiyo. Asubuhi moja ya Julai, ukungu ukiwa bado umetanda, mtoto aliteleza kutoka kwenye kiti cha bembea akavunjika mkono. Mkono ulipona. Lakini siku hiyohiyo niliagiza minyororo ifunguliwe na boriti ya juu ishushwe, na hakuna mzazi aliyenipinga. Uamuzi ule siujutii, maana boriti ilikwisha kuoza na chini palikuwa pagumu kama barabara. Ninachokijutia ni kwamba nilistaafisha bembea nisiweke nyingine, kisha nami nikastaafu.

Nilidhani nimeondoa mbao na chuma. Miaka ilipopita nikagundua kwamba nimeondoa na maneno. Pale kwenye bembea watoto walipanga zamu. Walihesabu kwa sauti moja hadi ishirini, na aliyefikiwa na ishirini alishuka, apende asipende. Mtoto wa darasa la kwanza aliyetoka nyumbani akijua Kibena tu alijifunza kuhesabu kwa Kiswahili akiwa kwenye foleni ile, kabla mimi sijamfundisha ubaoni. Alijifunza pia kusema "nibembeze", na kwa neno hilo moja alikuwa ameshika kauli ya kutendesha bila kuambiwa kwamba inaitwa hivyo.

Hebu tulitazame neno lenyewe. Anayekaa kwenye kiti anabembea. Anayesimama nyuma na kumsukuma anambembeza. Mama anayemtuliza mtoto alale, au mtu anayemsihi mwenzake aache hasira, anabembeleza. Maneno haya ni ndugu wa tumbo moja. Pwani husema pembea, na katika fasihi simulizi nyimbo za kulaza watoto huitwa bembezi au bembelezi. Hata Timothy Arege alipoandika tamthilia ya maisha yanayopanda na kushuka aliiita Bembea ya Maisha, na hakuhitaji kumfafanulia msomaji. Basi mtoto asiyewahi kubembezwa na mwenzake atayakariri maneno haya kwa ajili ya mtihani, lakini hatayasikia mwilini. Mjukuu wangu anajua bembea ni kitu gani. Kubembeleza nako anakujua. Kwamba viwili hivyo vinahusiana, hakuwahi kuwaza.

Wenzetu mambo yao yamekuwa kinyume. Mwaka 1893, katika maonesho makubwa ya Chicago, mhandisi George Ferris alisimamisha gurudumu la kubebea watu lenye urefu wa mita 80 hivi, likiwa na vyumba 36. Baadaye likahamishiwa St. Louis kwa maonesho ya mwaka 1904, na mwaka 1906 likalipuliwa kwa baruti, likauzwa kama chuma chakavu. Chombo kilikufa kifo cha aibu, lakini jina halikufa: hadi leo Wamarekani wanaita gurudumu la namna ile kwa jina la Ferris. Kwao chombo kimekwenda na jina limebaki. Kwetu nguzo zimebaki, nalo jina linakwenda.

Najua pingamizi litakalotolewa. Mtu atasema kwamba watoto hawakosi michezo. Sikukuu zikifika, mjini huletwa yale maputo makubwa ya kurukia, nao wanafurahi. Kweli wanafurahi, na sina ugomvi na furaha yao. Lakini kwenye puto mtoto analipiwa, anaruka peke yake, muda ukiisha anaitwa na mwenye puto. Hapangi zamu na mwenzake, wala hamwombi mtu ambembeze. Mwingine atasema kwamba hayo ni mambo ya Pwani, ambako sikukuu ya Idd haikamiliki bila pembea za Mnazi Mmoja kule Unguja au za Makadara kule Mombasa. Sisi tuliozaliwa Njombe twajua sivyo. Tulifunga kamba kwenye matawi tukiwa na miguu iliyopasuka kwa baridi, na tulipohamia Makambako, kilomita sitini hivi kwa barabara, tuliwakuta watoto wa wafanyakazi wa reli ya TAZARA, waliotoka kila upande wa nchi, wakiifanya kazi ileile kwa neno lilelile. Bembea haikuwa na kabila.

Lipo pingamizi la tatu, nalo ndilo lenye uzito: usalama. Hapo nakiri kosa langu. Nilidhani njia ni mbili tu, ama bembea iliyooza ama kiwanja kitupu. Ilikuwapo ya tatu: mbao mpya, minyororo mifupi, mchanga mwingi chini, na mwalimu wa zamu karibu. Hapa kwetu, penye misitu ya misindano na mikaratusi kila upande, mbao haziwezi kuwa kisingizio.

Maoni yangu basi ni haya. Sisi tunaopenda lugha tumezoea kuitetea kwa kamusi, makongamano na mashairi, na tunaielekezea BAKITA kila lawama neno linapopotea. Kamusi hutunza neno lililokwisha kuwa na watu. Watu wa neno hupatikana kiwanjani, jikoni na njiani. Atakaye maneno yaishi, na aviangalie kwanza vitu vinavyoyaweka midomoni mwa watoto. Wahenga walisema asiyekuwapo na lake halipo. Bembea isipokuwapo, lake nalo halitakuwapo.

Kwa upande wangu nimekwenda kumwona mwalimu mkuu wa sasa. Nimeomba ruhusa ya kuzikagua zile nguzo, na kama zimeliwa na mchwa, nisimamishe nyingine kwa gharama yangu. Ameniambia atalipeleka ombi kwenye kamati ya shule, na wazazi watauliza habari za ule mkono uliovunjika. Nitakwenda mwenyewe kuwajibu. Wakinikatalia, nitawabembeleza.